KISANDUKU CHA TELEVISHENI KINAPOKATAA KUAMKA

Katika visiwa vya delta ya Rufiji chombo cha umeme kikiharibika hakifiki kwa fundi siku hiyo hiyo. Mkazi wa Kiongoroni, wilayani Kibiti, njia yake ni maji: mto na vijito vinavyojaa na kupwa mara mbili kila siku kwa amri ya bahari. Hana budi kungoja maji yajae, apande mashua, apite katikati ya mikoko hadi bara, na kutoka huko atafute gari la kumfikisha Kibiti mjini. Ikiwa ni wakati wa bamvua, ambapo tofauti ya maji kujaa na maji kupwa huzidi mita tatu, atakayechelewa saa moja huenda akalala njiani na chombo chake kimekwama topeni. Nauli ya kwenda na kurudi, pamoja na siku mbili za kazi zilizopotea, yaweza kuikaribia bei ya chombo chenyewe. Kwa sababu hiyo swali la kama chombo kimekufa kweli, au kimezimia tu, lina uzito zaidi huko kuliko Kariakoo.

Chombo kinachozungumzwa hapa ni kile kisanduku kidogo cheusi, kipana kama kiganja cha mkono, kiunganishwacho na televisheni kwa kebo ya HDMI. Mafundi wengi hukiita kisanduku cha Android, kwa jina la mfumo unaokiendesha. Penye mtandao huvuta picha na sauti kutoka intaneti; pasipo mtandao wa kutegemewa husoma filamu kutoka kwenye flashi au kadi ndogo ya kumbukumbu. Kwa bei yake ya chini kimeenea katika nyumba za watu wa kipato cha kawaida na katika vile vibanda vya kuonyeshea picha ambavyo vijana wameviita vibanda umiza. Kibandani kisanduku kimoja hutazamwa na watu thelathini, na kikizima, ni watu thelathini wanaorudi nyumbani mapema.

Msomaji na afikirie jambo hili likitokea Kiongoroni. Jioni moja mwenye kibanda anawasha mtambo wake. Taa ndogo ya mbele inawaka nyekundu, nembo ya kiwanda inatokea kwenye kioo, kisha haiondoki. Dakika tano zinapita, kumi zinapita, nembo ni ile ile. Anachomoa umeme, anachomeka tena. Mara hii hata nembo haitoki. Waliokuja kutazama mpira wanaanza kutoa ushauri, na kila mmoja ana wa kwake.

KUTOKA KING'AMUZI HADI KISANDUKU

Si zamani sana ambapo televisheni ilikuwa chombo kisichokuwa na jambo la kusahau. Televisheni ya analojia ilipokea mawimbi na kuyageuza kuwa picha. Ikiharibika, kilichoharibika kilikuwa kitu cha kushikika, kama vile kapasita iliyovimba, waya uliokatika au kioo kilichochakaa. Fundi alikwenda na koleo na chuma cha kulehemu.

Mambo yalibadilika nchini Tanzania usiku wa tarehe 31 Desemba 2012, mitambo ya analojia ilipozimwa Dar es Salaam. Miji mingine ikafuata kwa zamu mwaka 2013, chini ya usimamizi wa Mamlaka ya Mawasiliano Tanzania. Tarehe ya mwisho kwa nchi zilizofungamana na makubaliano ya Geneva ya mwaka 2006 ilikuwa 17 Juni 2015, na Tanzania ilianza kuzima zaidi ya miaka miwili kabla yake. Ndipo neno king'amuzi lilipoingia katika kila nyumba yenye televisheni, na kwa neno hilo kompyuta iliingia sebuleni bila wengi kutambua. Ndiyo, king'amuzi ni kompyuta, kile chombo ambacho baadhi ya wanalugha wetu walitaka kiitwe ngamizi. Kina ubongo wa silikoni, kina kumbukumbu, na kina programu aliyoiandika mtu.

Wenye ving'amuzi wameonja hasara ya jambo hili. Kituo cha matangazo chaweza kutuma programu mpya kwa njia ya mawimbi yale yale yaletayo picha. King'amuzi huipokea na kuifuta ile ya zamani ili kuandika mpya mahali pake. Umeme ukikatika katikati ya kazi hiyo, hubaki chombo chenye nusu ya zamani na nusu ya mpya, na nusu mbili hizo hazisikilizani. Kisanduku cha Android ni ndugu wa king'amuzi, na ugonjwa wao ni mmoja.

MAANDISHI YALIYO NDANI YA CHUMA

Programu inayokaa ndani ya chombo na kukifanya kijitambue huitwa programu dhibiti. Mmarekani Ascher Opler ndiye aliyeipa jina lake la Kiingereza mwaka 1967, akitaka kuonyesha kwamba ni kitu kilicho kati ya viwili: si kigumu kama chuma cha mashine, wala si chepesi kama programu ya kawaida ambayo mtumiaji huiweka na kuiondoa apendavyo.

Mahali pa kuiandikia ni chipu ya kumbukumbu ya flashi, matunda ya kazi ya Mjapani Fujio Masuoka na wenzake katika kampuni ya Toshiba miaka ya 1980. Ndani ya chipu hiyo mna vyumba vidogo mno kwa mabilioni. Katika kila chumba hufungiwa elektroni, zikizungushiwa ukuta wa kuzuia umeme. Elektroni zikiwamo, chumba husomeka kwa namna moja; zikiwa hazimo, husomeka kwa namna nyingine. Umeme wa nje ukizimwa elektroni hubaki zimefungiwa, na ndiyo maana kisanduku hukumbuka mambo yake hata kikikaa kabatini mwaka mzima.

Lakini chipu hii ina tabia mbili ambazo mwenye kisanduku angefaa kuzijua. Ya kwanza ni kwamba haifutiki chumba kimoja kimoja. Hufutwa kwa mafungu makubwa, kama mtu ambaye hawezi kusahihisha neno moja bila kwanza kuuosha ubao wote. Hivyo kila pafutwapo fungu, kuna kitambo ambapo yale ya zamani hayapo na mapya hayajaandikwa. Umeme ukikatika katika kitambo hicho, fungu hubaki tupu. Ya pili ni kwamba kuta za vyumba huchakaa. Kila kufuta na kuandika huzidhoofisha kidogo, na joto huharakisha uchakavu huo. Kisanduku cha bei nafuu kilichobanwa nyuma ya televisheni chini ya paa la bati hupata joto la kutosha.

Kuna namna ya kuamka pia. Kisanduku hakiamki kwa mara moja. Huamka kwa hatua, kama jahazi linavyotwekwa: haupandishwi mlingoti kabla ya chombo kuelea, wala haling'oki tanga kabla ya foromali kufungwa. Hatua ya kwanza imo ndani ya ubongo wenyewe, katika maandishi mafupi yaliyochongwa kiwandani ndani ya silikoni. Haya hayafutiki wala hayabadiliki. Kazi yake ni kutafuta hatua ya pili, yaani kianzishi, katika chipu ya flashi. Kianzishi kikipatikana huiamsha kumbukumbu ya muda, huwasha nembo ya kiwanda, kisha huita kiini cha mfumo. Nacho kiini huuita mfumo wote wa Android pamoja na picha na vitufe vyake.

Kutokana na mpango huu fundi mzuri huweza kukisia mahali penye ugonjwa kwa kutazama tu. Nembo ikitokea na kukwama, kianzishi ki hai na kilichoharibika kiko mbele yake. Nembo isipotokea kabisa ilhali taa inawaka, huenda kianzishi chenyewe kimefutika. Hapa pana jambo linaloshangaza wengi: kisanduku ambacho chipu yake imefutika yote mara nyingi ni chepesi kutibika kuliko kile kilichoharibika nusu. Yale maandishi ya silikoni yasipoona kianzishi chochote, huenda yenyewe kwenye tundu la USB kungoja msaada kutoka kwa kompyuta. Yakiona kianzishi kilicho kibovu lakini chenye sura ya uzima, huliamini, na chombo hukwama hapo milele. Mgonjwa aliyezimia kabisa hupelekwa hospitali. Anayesema ‘sijambo’ huachwa nyumbani.

KABLA YA KUGUSA PROGRAMU

Visanduku vingi vinavyodhaniwa vimepoteza programu havikupoteza chochote. Adapta yake ndiyo iliyochoka. Visanduku hivi kwa kawaida hutaka volti 5 na ampea 2. Adapta dhaifu hutoa volti 5 ikipimwa bila mzigo, lakini kisanduku kinapoanza kazi na kuvuta mkondo zaidi, volti hushuka na ubongo hujizima. Matokeo yake hufanana kabisa na ya programu mbovu: nembo hutokea, hupotea, hutokea tena. Kwa hiyo kipimo cha volti hutangulia kompyuta, na kipimo hicho hufanywa kisanduku kikiwa kimewashwa.

Katika delta kuna mtuhumiwa wa pili, naye ni chumvi. Upepo wa bahari huibeba hadi ndani ya nyumba, nayo hutua juu ya shaba ya matundu na pini. Unyevu wa hewa ukizidi kiasi cha asilimia 75, chumvi ya kawaida hunywa maji ya hewani hadi ikayeyuka yenyewe, na maji ya chumvi hupitisha umeme pasipotakiwa. Kati ya mikoko unyevu wa kiwango hicho si jambo la nadra, hasa alfajiri. Kisanduku kikifunguliwa na kuonekana ukungu wa kijani au mweupe kwenye miguu ya chipu na matundu, husafishwa taratibu kwa brashi laini na spiriti, kisha huachwa kikauke kabisa. Wapo waliotengeneza kisanduku kwa brashi peke yake.

KISANDUKU KISICHOSEMA UKWELI

Ikiwa adapta ni nzima na bodi ni safi, ndipo linapokuja suala la kuandika upya, ambalo mafundi huliita kuflashi. Na hapa kosa kubwa hufanyika kabla kazi haijaanza: fundi hutazama jina lililo juu ya kasha, hutafuta faili lenye jina hilo, na kuliandika.

Jina la juu ya kasha halina maana kubwa. Makasha mawili yenye sura moja na jina moja yaweza kuwa na bodi mbili tofauti, ubongo tofauti, na chipu tofauti ya Wi-Fi. Mtengenezaji hununua zilizo rahisi wiki hiyo. Kianzishi cha faili lisilo lake hakitajua namna ya kuiamsha kumbukumbu ya muda, na chombo hakitaamka. Au kitaamka lakini Wi-Fi haitaonekana na rimoti haitasikilizwa. Inampasa fundi akifungue kisanduku na kuyasoma maandishi mawili: jina la ubongo, kwa mfano wa kampuni ya Amlogic, Rockchip au Allwinner, na jina pamoja na toleo la bodi lililochapwa kwenye ubao wenyewe. Kuyapiga picha kwa simu ni busara, kwa kuwa herufi ni ndogo na mwanga wa vibandani ni hafifu.

Wala kisanduku kikiwa kizima hakiaminiki katika kujieleza. Baadhi ya visanduku vya bei ya chini hutangaza kwamba vina gigabaiti 4 za kumbukumbu ya muda na 64 za kuhifadhia, kumbe ndani vina 1 au 2, na 8 au 16. Hata ukurasa wa mipangilio huonyesha tarakimu za uongo, kwa sababu programu dhibiti imeandikwa iseme hivyo. Toleo la Android nalo huongezwa kwa njia iyo hiyo. Mwenye kibanda aliyejaza filamu nyingi kuliko nafasi iliyopo kweli huja kujua siku mafaili ya mwanzo yanapoanza kuharibika.

Uongo wa tarakimu ni hasara ya kununua tu. Uko uongo mwingine ulio mbaya zaidi. Mwezi Januari 2023 mtaalamu wa Kanada, Daniel Milisic, alieleza kwamba kisanduku cha aina ya T95 alichokinunua mtandaoni kilikuwa na programu ya hila iliyowekwa kabla hajakifungua. Oktoba ya mwaka huo kampuni ya Human Security ya Marekani ikatoa taarifa juu ya mtandao iliouita BADBOX, ulioenezwa kwa visanduku vya aina kadhaa vyenye mlango wa siri ndani ya programu dhibiti. Septemba 2024 kampuni ya Doctor Web ya Urusi ikaeleza juu ya hila nyingine, Vo1d, iliyokutwa katika visanduku karibu milioni 1.3 kwenye nchi 197. Juni 2025 Shirika la Upelelezi la Marekani, FBI, likatoa onyo kwa wananchi, na mwezi uliofuata kampuni ya Google ikafungua kesi mahakamani New York dhidi ya waendeshaji wa BADBOX 2.0, ikisema kwamba vyombo vilivyoathirika vimezidi milioni 10.

Je, kisanduku chenye hila hufanya nini? Mara nyingi hakimdhuru mwenyewe kwa namna anayoiona. Huwasiliana na mabwana zake wa mbali, hubofya matangazo ambayo hakuna anayeyatazama, na hukodisha njia ya intaneti ya nyumba kwa watu wasiojulikana, ili maovu yao yaonekane yametoka humo. Kwa mtu wa Ulaya mwenye intaneti isiyopimwa haya yaweza kupita miaka bila kugunduliwa. Kwa mtu wa Kiongoroni anayenunua kifurushi cha simu kwa megabaiti dalili iko wazi: kifurushi kinaisha usiku, televisheni ikiwa imezimwa na watu wamelala.

Wengi hudhani dawa ni kurudisha chombo katika hali ya kiwandani kwa kitufe kilicho katika mipangilio. Kitufe hicho hufuta chumba cha mtumiaji tu, yaani programu alizoongeza na mafaili yake. Sehemu ya mfumo haiguswi, na hila inakaa humo. Kuflashi kwa faili la muuzaji yule yule hakusaidii pia, maana ni kunakili upya ugonjwa ule ule kwa usafi zaidi. Faili lililookotwa mahali popote na kupokezana kwa flashi baina ya mafundi lina hatari hiyo hiyo, na zaidi.

Kwa visanduku vyenye ubongo wa Amlogic ipo njia nyingine iliyo salama. CoreELEC ni mfumo unaotolewa bure, ambao maandishi yake yako wazi kwa kila mtaalamu kuyakagua. Huandikwa kwenye kadi ndogo ya kumbukumbu, kadi huchomekwa kisandukuni, na chombo huamka kutoka kwenye kadi bila chipu ya ndani kufutwa. Kadi ikitolewa, hali ya zamani hurudi. Kwa kibanda kinachoonyesha filamu za flashi mfumo huu unatosha, kwani kazi yake ni kuchezesha picha na sauti. Hauendeshi programu za Android, na matoleo yake mapya huacha chipu za zamani, hivyo toleo huchaguliwa kwa jina la ubongo. Kwa chipu nyingine wako watu wa kujitolea wa Armbian, lakini kazi yake inadai fundi mwenye uvumilivu na muda mwingi.

KUANDIKA KWA UMEME WA JUA

Njia za kuandika ni mbili. Ya kwanza ni ya kadi: faili huandaliwa kwenye kadi ya kumbukumbu kwa kompyuta, kadi huingizwa kisandukuni, kitufe kilichofichika hubonyezwa na kushikiliwa huku umeme ukichomekwa. Katika visanduku vingi vya Amlogic kitufe hicho kimo ndani kabisa ya tundu la AV, nacho hufikiwa kwa kijiti cha kuchokolea meno. Kijiti cha mti ni bora kuliko msumari, kwa sababu hakipitishi umeme.

Njia ya pili ni ya waya. Kebo yenye vichwa viwili vya USB vinavyofanana huunganisha kisanduku na kompyuta, na programu ya mtengenezaji wa ubongo husukuma faili moja kwa moja kwenye chipu, ikionyesha asilimia ya kazi iliyokwisha. Kwa kawaida ni tundu moja tu la kisanduku linalokubali kazi hii. Lisipojibu hujaribiwa la pili kabla ya kulaumu kitu kingine. Kile kisanduku kilichokwama na kianzishi kibovu hulazimishwa kwa kuunganisha, kwa ncha ya kibano, miguu miwili mahususi ya chipu ya flashi wakati wa kuwasha. Kwa kitambo hicho ubongo hauioni chipu, hujidhani mtupu, na hugeukia tundu la USB. Ni tiba ya mwisho, na miguu ikikosewa chipu yaweza kuungua.

Njia yoyote itumikayo, tangu kuandika kuanze mpaka kuishe umeme haukatiki. Hili ndilo sharti lenyewe, na katika visiwa vya delta ndilo linalotaka fikra. Maji ya Rufiji hiyo hiyo, juu kule kwenye Bwawa la Julius Nyerere, yamewekewa mashine zenye uwezo wa megawati 2,115; huku chini, mto unakoingia baharini, nyumba nyingi zinategemea paneli ya sola juu ya paa na betri chini ya meza.

Watu husema umeme wa sola ni mdogo mno kwa kazi kama hii. Hesabu haikubali. Kisanduku kinachokula volti 5 na ampea 2 kinatumia wati 10. Kwa nusu saa nzima, ambayo ni zaidi ya muda unaohitajika mara nyingi, kitatumia wati-saa 5. Betri ya volti 12 na ampea-saa 100 ina wati-saa 1,200 ikijaa. Kazi yote basi itakula chini ya nusu ya asilimia moja ya betri hiyo. Tatizo la sola haliko katika wingi wa umeme, liko katika kutotulia kwake.

Mtambo wa sola huwa na kidhibiti ambacho hukata mzigo betri inapopungua hadi kiwango fulani, aghalabu volti 11 na kitu, ili kuilinda isife. Hukata bila kuuliza kinachofanyika upande wa pili. Betri iliyochoka ikionyesha volti 12 jioni, kisha friji ndogo au pampu ikawaka kwenye inveta ile ile, volti huanguka kwa nukta chache na kidhibiti hukata. Nukta hizo zinatosha kuacha fungu la chipu likiwa tupu. Kwa hiyo kazi hii hufanywa adhuhuri, jua likiwa utosini na betri ikiwa imejaa, vyombo vingine vikiwa vimezimwa. Anayeifanya usiku kwa kuwa wateja wanangoja anajitafutia safari ya Kibiti.

Inveta yenyewe ni bora iachwe kando. Haina haja kugeuza volti 12 kuwa 230 ili adapta izirudishe kuwa 5. Kila mgeuzo hupoteza umeme na huongeza mahali pa kukatikia. Chaja ya gari iliyo nzima, yenye kutoa volti 5 na ampea zisizopungua 2, huchukua umeme wa betri moja kwa moja. Iliyo bora zaidi ni pawabanki iliyojaa, kwa kuwa haijui lolote juu ya friji ya jirani. Waya uwe mfupi na mnene, wenye kichwa cha USB upande mmoja na pini ya mviringo upande wa kisanduku. Waya mwembamba mrefu hupunguza volti njiani na kurejesha ugonjwa wa adapta. Kompyuta mpakato ina betri yake, nayo huchajiwa kabla.

Faili lenyewe hushushwa mahali penye mtandao wa uhakika, yaani bara, siku mtu anapokwenda kwa shughuli nyingine. Kwa kuwa mafaili haya huzidi mara nyingi megabaiti mia kadhaa, mtandao hafifu huweza kuyakata yakiwa hayajatimia. Watoaji makini huambatanisha mstari wa herufi na tarakimu unaotokana na faili zima kwa hesabu maalumu. Kompyuta ikifanya hesabu ile ile na kupata mstari tofauti hata kwa herufi moja, faili si kamili au limechezewa. Ukaguzi huu huchukua dakika moja, nao hufanywa bado mtu yuko bara, kabla mashua haijaondoka Nyamisati.

Asilimia zikifika mia, kompyuta husema kazi imekwisha. Waya huchomolewa, kisanduku huunganishwa na televisheni, umeme hurudishwa. Nembo hutokea. Kisha kioo huwa cheusi, au nembo hubaki ikipepesa, dakika moja, dakika tatu, pengine zaidi ya kumi katika kisanduku cha polepole. Hapo ndipo visanduku vingi vilivyokwisha kupona huuawa mara ya pili. Mfumo mpya wa Android unapoamka kwa mara ya kwanza hupanga vyumba vyake, huzitayarisha programu zote moja baada ya nyingine na kuandika matokeo kwenye chipu. Mtazamaji haonyeshwi lolote kati ya hayo. Mwenye kibanda huona weusi, hudhani mambo ni yale yale, na mkono wake huenda kwenye swichi. Fundi aliyezoea hukaa kati ya mwenye kibanda na swichi, huwasha televisheni kwa sauti ya chini, na kungoja ukurasa wa kwanza unaouliza lugha.